Anayechagua uso na anayejenga chumba: kwa nini Oscar ilichelewa kuwaona wote wawili?

Kulikuwa kunapambazuka huku kwetu, Machi 3, 2014, wakati Lupita Nyong'o alipopanda jukwaani Los Angeles kupokea Oscar ya mwigizaji msaidizi wa kike kwa filamu ya 12 Years a Slave. Ndani ya ukumbi huohuo alikuwapo Barkhad Abdi, mzaliwa wa Mogadishu aliyewahi kuendesha gari la kukodi huko Minneapolis. Yeye aliwania tuzo ya mwigizaji msaidizi wa kiume kwa filamu ya Captain Phillips.

Lupita alikuwa ametoka chuoni na hakuwa amecheza filamu yoyote kubwa. Abdi hakuwa ameigiza kabisa. Alikwenda kwenye usaili wa wazi uliofanyika katika mtaa wa Wasomali wa Cedar-Riverside, pamoja na watu wengine zaidi ya 700. Filamu zao zilikuwa mbili tofauti na waongozaji wao walikuwa tofauti, lakini waigizaji wa filamu zote mbili waliteuliwa chini ya usimamizi wa mtu mmoja, Francine Maisler.

Usiku ule Maisler hakuwania chochote, kwa sababu tuzo ya kazi yake haikuwepo. Adam Stockhausen, aliyesanifu mandhari ya 12 Years a Slave, alikuwa kwenye orodha ya wanaowania. Kwa hiyo, katika filamu moja, aliyesimamia mashamba, vibanda na nyumba za mabwana alitambuliwa rasmi, na aliyesaidia kumpata mwanamke wa kuishi ndani ya mashamba hayo hakuwa na pa kutajwa.

Hali hiyo sasa imebadilika. Februari 2024 Akademi ya Filamu ya Marekani ilitangaza tuzo mpya ya uteuzi wa waigizaji, inayoanza na filamu zilizotoka mwaka 2025, katika hafla ya 98 ya Machi 2026. Ni tuzo ya kwanza kuongezwa tangu ile ya filamu ndefu ya katuni iliyotolewa mara ya kwanza mwaka 2002.

Katika makala hii tunaeleza kazi hizi mbili ni zipi, kwa nini moja ilipewa heshima tangu mwanzo na nyingine ikangoja karibu miaka 100, na kwa nini jambo hili linatuhusu sisi tulio mbali na Hollywood.

Kazi zenyewe ni zipi?

Mteuzi wa waigizaji huanza na mswada. Anausoma, anazungumza na mwongozaji, kisha anakwenda kutafuta watu. Anatazama michezo ya jukwaani, anapitia kanda za usaili, anatembelea shule, masoko na vikundi vya ngoma. Anaitisha usaili, anawajaribu watu wawili wawili kuona kama wanaendana, kisha anapeleka majina machache kwa mwongozaji. Uamuzi wa mwisho si wake. Lakini mwongozaji huchagua kutoka katika orodha aliyoletewa, na asiyeingia kwenye orodha hiyo hana nafasi ya kuchaguliwa.

Msanifu wa mandhari naye huanza na mswada uleule. Anajiuliza: watu hawa wanaishi wapi? Ukuta wao umepakwa rangi gani, na ilipakwa lini? Kikombe chao kina mpini au umevunjika? Yeye ndiye mkuu wa idara nzima ya sanaa: wachoraji, maseremala, wapamba vyumba, wasaka vifaa. Hannah Beachler, aliyesanifu Wakanda ya filamu ya Black Panther, aliandaa kitabu cha mwongozo chenye kurasa zaidi ya 500 kuhusu nchi ambayo haipo: makabila yake, majengo yake, hata usafiri wake. Mwaka 2019 akawa mtu mweusi wa kwanza kushinda Oscar ya usanifu wa mandhari.

Ukizitazama kwa mbali, kazi hizi hazifanani. Mmoja anashughulika na watu, mwingine na mbao na rangi. Lakini zote hufanyika kabla kamera haijawashwa, na zote zinatafuta kitu kimoja: mtazamaji aamini kabla hajasikia neno lolote. Mwanamke akiingia jikoni kwenye filamu, ndani ya sekunde mbili umeshajua kama ni kwake au ni kwa mwingine. Nusu ya jibu imetoka kwa aliyemchagua mwanamke, na nusu nyingine kwa aliyelipanga jiko.

Mwanamke aliyekuwa na macho ya kazi zote mbili

Maisha ya Polly Platt yanaeleza jambo hili vizuri kuliko sheria yoyote ya tuzo.

Platt, Mmarekani aliyezaliwa mwaka 1939, alisanifu mandhari ya filamu za mwanzo za mumewe, mwongozaji Peter Bogdanovich. Ya kwanza kuwapa jina kubwa ilikuwa The Last Picture Show ya mwaka 1971, iliyopigwa katika mji mdogo wa Archer City, Texas. Vumbi, maduka yaliyochoka na ukumbi wa sinema unaokaribia kufungwa vilibeba hadithi kama wahusika wengine. Filamu hiyo iliwapa Oscar waigizaji wawili wasaidizi, Ben Johnson na Cloris Leachman.

Katika kipindi hichohicho ndoa yao ilivunjika, baada ya Bogdanovich kuanza uhusiano na mwigizaji wa filamu hiyo. Watu wengi wangeacha. Platt aliendelea kufanya kazi naye katika filamu mbili zaidi, ikiwemo Paper Moon ya mwaka 1973.

Hapa ndipo hadithi inapogusa mada yetu. Paper Moon inamhusu tapeli na binti mdogo wanaozunguka na gari Kansas wakati wa miaka ya dhiki ya 1930. Platt ndiye aliyesanifu mandhari. Lakini yeye pia ndiye aliyempendekeza Tatum O'Neal, binti wa mwigizaji Ryan O'Neal, ambaye hakuwa amewahi kuigiza. Mwaka 1974 mtoto huyo alishinda Oscar akiwa na miaka 10, na mpaka leo hakuna aliyeshinda tuzo ya ushindani ya Oscar akiwa na umri mdogo kuliko huo.

Jicho lililochagua barabara tupu za Kansas ndilo lililomwona mtoto wa kusimama juu ya barabara hizo. Kwenye orodha ya majina ya filamu, Platt anaonekana kwa kazi moja tu kati ya hizo mbili.

Aliendelea hivyo maisha yake yote. Anatajwa kuwa mwanamke wa kwanza kukubaliwa katika chama cha wasanifu wa mandhari wa Hollywood. Aliwania Oscar kwa mandhari ya Terms of Endearment. Baadaye akawa mtayarishaji, na alikuwa miongoni mwa waliosukuma mbele Bottle Rocket ya mwaka 1996, filamu ndefu ya kwanza ya Wes Anderson, iliyowatambulisha pia Owen na Luke Wilson. Alifariki mwaka 2011. Mwaka 2020, kipindi cha sauti cha mtandaoni kiitwacho You Must Remember This kilitenga msimu mzima kwa ajili yake, na msimu huo ukampa jina la mwanamke asiyeonekana.

Kwa nini mmoja alionekana mapema?

Usanifu wa mandhari ulikuwamo kwenye Oscar tangu hafla ya kwanza ya mwaka 1929, ukiitwa uongozaji wa sanaa. Mshindi wa kwanza alikuwa William Cameron Menzies, mtu ambaye miaka 10 baadaye, kwenye Gone with the Wind, alipewa cheo kilichopanua maana ya kazi hiyo na ambacho bado kinatumika. Mwaka 2012 Akademi ililibadilisha jina la tuzo yenyewe lifuate cheo hicho.

Tunaona sababu tatu zilizowaacha wateuzi wa waigizaji nje.

Ya kwanza ni ya kihistoria. Enzi za studio kubwa, waigizaji walikuwa waajiriwa wa mkataba. Kuteua kulikuwa kazi ya ofisini: nani yuko huru Jumatatu, nani ana urefu unaofaa. Mfumo huo ulipovunjika, ndipo walipoinuka watu kama Marion Dougherty wa New York na Lynn Stalmaster wa Los Angeles, waliotafuta sura mpya jukwaani na kwenye televisheni. Stalmaster anahesabiwa kuwa mteuzi wa kwanza kupewa nafasi yake mwenyewe kwenye majina ya filamu, The Thomas Crown Affair ya mwaka 1968. Kufikia hapo Oscar ilikuwa na umri wa karibu miaka 40.

Ya pili ni ya cheo. Kwa Kiingereza, jina la kazi hii lina neno lilelile wanalotumia waongozaji wa filamu, na kwa muda mrefu chama cha waongozaji Marekani hakikufurahishwa na neno hilo kutumiwa na mtu mwingine. Kwa Kiswahili ugomvi huo usingezuka, maana mwongozaji ni mwongozaji na mteuzi ni mteuzi. Lakini nyuma ya neno kulikuwa na hoja: nani anayestahili kusema "mimi ndiye niliyemwona"? Mwongozaji akikubali kwamba uso uliobeba filamu uliletwa na mwingine, anagawana sifa.

Ya tatu ni ya macho yetu sisi watazamaji. Ukuta uliojengwa unaonekana, unaweza kuupiga picha na kuuhesabia mbao. Uteuzi mzuri haujionyeshi. Mwigizaji akipatana na nafasi yake, tunamsifu mwigizaji. Asipopatana, tunauliza nani alimweka pale. Kwa hiyo mteuzi hukumbukwa zaidi siku aliyokosea.

Huwezi kuyaeleza haya bila kusema pia kwamba kazi hii imefanywa zaidi na wanawake, tangu ilipokuwa ya ofisini yenye malipo madogo. Hatuwezi kuthibitisha kwamba hiyo ndiyo sababu ya kucheleweshwa. Lakini fani nyingi zilizoanza kama kazi za katibu zimepata taabu ya kuitwa sanaa, na hii haikuwa ya peke yake.

Mabadiliko yalikwenda taratibu. Mwaka 2013 wateuzi walipewa tawi lao ndani ya Akademi. Mwaka 2016 Stalmaster alipewa Oscar ya heshima, wa kwanza katika kazi yake. Uingereza iliwatangulia: BAFTA ilianza kutoa tuzo ya uteuzi wa waigizaji mwaka 2020, na ya kwanza ikaenda kwa filamu ya Joker. Sasa Hollywood imefika. Na kwa bahati, mojawapo ya filamu zilizozungumzwa sana mwaka huo wa kwanza wa tuzo, Sinners, imewaweka pamoja Francine Maisler kwenye uteuzi na Hannah Beachler kwenye mandhari.

Wapo wanaopinga, na hoja yao ina uzito

Wanasema: tutampimaje mteuzi? Nyota mkubwa mara nyingi huja na fedha za filamu, na hakuna usaili uliofanyika. Nafasi nyingine mwongozaji humpa rafiki yake wa siku zote. Ukiitazama filamu iliyokamilika, huwezi kujua nani alileta jina gani.

Ni kweli. Lakini hivyo ndivyo ilivyo kwa kazi zote za filamu. Mhariri hupewa tuzo na hatujui ni kipande gani alikikata kwa amri ya mwongozaji. Msanifu hupewa tuzo na hatujui kama rangi ya kijani ya ukuta ilikuwa wazo lake au la mpiga picha. Filamu ni kazi ya mikono mingi, na ugumu wa kugawa sifa haujawahi kuwa sababu ya kumnyima mmoja tu.

Huku kwetu, mara nyingi ni mtu mmoja

Tumesema kwamba Hollywood ilizitenganisha kazi hizi na kuipa moja heshima kabla ya nyingine. Afrika Mashariki tuna hali tofauti. Kwetu mara nyingi zinafanywa na mtu mmoja, na mtu huyo hana cheo.

Filamu kubwa zinapokuja, tofauti inaonekana. Mira Nair alipopiga Queen of Katwe, iliyotoka mwaka 2016, hakutosheka na kuleta nyota kutoka nje. Dinaz Stafford alisimamia msako wa watoto Kampala, na Madina Nalwanga, aliyebeba nafasi ya bingwa wa sataranji Phiona Mutesi, alipatikana kwenye kikundi cha ngoma. Msanifu wa mandhari alikuwa Stephanie Carroll. Ukiitazama Katwe ya filamu ile, mabati, matope na rangi za nguo, unaona watoto wanaotembea humo bila kuangalia chini. Hao ni watoto wanaopajua. Kazi mbili zimekutana.

Au tuchukue Vuta N'Kuvute ya Amil Shivji, ya mwaka 2021, iliyotokana na riwaya ya Adam Shafi. Hadithi ni ya Zanzibar ya miaka ya 1950. Mtu akisikia hivyo hudhani kazi ya mandhari ni nyepesi kwa kuwa Mji Mkongwe bado umesimama. Jaribu kusimama Darajani leo uhesabu nyaya, madishi ya televisheni, mabango ya simu na pikipiki. Kupiga filamu ya miaka ya 1950 hapo ni kazi ya kuondoa kuliko kuongeza. Na baada ya kuupata uchochoro safi, lazima upate mtu anayeutembea kama aliyezaliwa humo.

Sasa teremka kwenye filamu na tamthilia zetu za kila siku. Wengi wa waliozianzisha filamu za Bongo walitoka kwenye vikundi vya maigizo kama Kaole. Uteuzi ulifanyika ndani ya kikundi: fulani anafaa kuwa baba, fulani anafaa kuwa kijakazi. Mandhari ilikuwa nyumba ya kuazima, ya ndugu au ya mtu anayejulikana, na mara nyingi sebule yake ndiyo iliyoamua mhusika ana fedha kiasi gani. Nani alifanya kazi ya kuwaza haya? Mara nyingi ni kijana mmoja mwenye simu na marafiki wengi. Anajua nyumba, anajua wazee, anajua nani ana gari la zamani. Anaitwa "mwenyeji", "dogo" au "mtu wa lokesheni".

Nasi tulikosea

Hatusemi haya kwa kuwanyooshea wengine kidole. Miaka kadhaa iliyopita tulirekodi mchezo wa redio kuhusu ugomvi wa shamba la urithi. Tulihitaji sauti ya bibi. Tukawajaribu watangazaji wetu wa kike mmoja baada ya mwingine, na wote walisikika kama watangazaji wanaoigiza uzee.

Mama anayetuletea chai studio alisikiliza akiwa mlangoni, akacheka. Akatuambia, "Wanangu, huyo mnayemtafuta yuko sokoni, anauza dagaa. Nendeni mkamsikie anavyomkatalia mteja." Tulikwenda. Alikuwa yeye hasa.

Mama wa chai hakuishia hapo. Mandhari ya redio ni sauti, na sisi tulikuwa tumechukua sauti za kuku na upepo kutoka intaneti. Akasema kuku wale si wa kwetu na uani kwa bibi lazima kuna mtu anayetwanga. Siku iliyofuata alikuja na kinu chake na mchi. Wasikilizaji waliopiga simu baada ya mchezo kuruka hewani walitaja vitu viwili: bibi, na ile sauti ya kinu.

Mwishoni mwa kipindi tulisoma majina. Tulimtaja mwandishi, waigizaji, fundi mitambo, hata mlinzi aliyetufungulia geti usiku. Mama wa chai hatukumtaja. Kesho yake aliweka birika mezani akasema, "Nimesikiliza mpaka mwisho." Hakuongeza neno.

Tulirudia kipindi wiki iliyofuata na jina lake likasomwa. Lakini tunajua kwamba tusingekumbuka kama asingesema. Kwetu alikuwa mama wa chai, na hatukuwa na neno la kuiita kazi aliyoifanya.

Jina lina kazi gani?

Mtu anaweza kuuliza, jina lisomwe lisisomwe, linampa nini? Katika filamu linampa mengi. Orodha ya majina mwishoni ndiyo cheti cha fani hii. Kijana akitaka kazi na kampuni ya nje inayokuja kupiga filamu, ataulizwa umefanya nini na jina lako liko wapi. Aliyetafuta nyumba kumi na waigizaji ishirini bila kuandikwa popote ataanza upya kila mara, kwa posho ya siku na ahadi ya mdomo.

Ndiyo maana tunadhani somo la Oscar kwetu halina uhusiano na zulia jekundu. Ni la mambo ya kawaida yanayoweza kufanyika kwenye filamu inayopigwa wiki ijayo Tabora, Kisumu au Bujumbura. Kabla ya kuanza, kazi ipewe jina: huyu anateua waigizaji, huyu anasanifu mandhari, akiwa ni mtu mmoja, aandikwe kwa kazi zote mbili na alipwe kwa hesabu hiyo. Makubaliano yawe kwenye karatasi, hata ukurasa mmoja. Na wewe unayefanya kazi hizi, weka kumbukumbu zako: picha za nyumba kabla na baada, orodha za usaili, tarehe. Siku ukiulizwa, uwe na cha kuonyesha.

Matamasha yetu nayo yana nafasi. Tamasha la filamu linaloanzisha tuzo ya uteuzi wa waigizaji au ya mandhari halihitaji fedha nyingi, linahitaji kipengele kimoja zaidi kwenye fomu. Fomu ikiuliza "nani aliteua waigizaji?", mtayarishaji atalazimika kutafuta jibu, na mahali pengi litakuwa swali la kwanza la aina hiyo kuulizwa.

Lupita Nyong'o mwenyewe, kabla ya jukwaa lile la mwaka 2014, aliwahi kufanya kazi nyuma ya kamera kwenye The Constant Gardener, filamu iliyopigwa Kenya. Alikuwa mmoja wa vijana wanaokimbia huku na huko na ambao mtazamaji hawaoni. Yeye alipita upande wa pili. Wenzake wengi wa aina hiyo bado wapo upande uleule, na wanajua nani anauza dagaa sokoni.

Utakapotazama filamu mara nyingine, usizime majina yanapoanza kupanda. Yatafute majina mawili, la aliyechagua nyuso na la aliyejenga vyumba. Usipoyaona, uliza.